Kumwandikia Mtoto Asiyetazama kwa Adabu: mwongozo wa kutunga na kuongoza vipindi vya watoto ukiwa Nyanda za Juu Kusini

Mtu mzima akialikwa kutazama filamu aliyoitengeneza jirani yake huvumilia mpaka mwisho, hata kama ilimchosha tangu dakika ya tatu, kwa sababu ya ujirani na kwa sababu ya chai aliyoandaliwa. Mtoto wa miaka mitano hana deni la namna hiyo. Kipindi kikimchosha hugeuka, humchokoza mwenzake au hutoka nje kumfukuza kuku, na hayo yote huyafanya bila kukuchukia hata kidogo. Anayetaka kuishi kwa kuandika na kuongoza vipindi vya televisheni vya watoto hana budi kuanzia hapo, kwa kuwa karibu kila uamuzi wa kazi hii, kuanzia urefu wa sentensi hadi kimo cha kamera, hutokana na hali hiyo ya kuwa na mtazamaji asiyekuonea haya.

Ninaandika haya nikiwa Mbeya. Niliingia katika kazi hii kupitia mlango walioupitia wapigapicha wengi wa huku, yaani kurekodi video za kwaya na harusi, na nilichelewa sana kutambua kwamba ustadi nilioupata huko, wa kuyafurahisha macho ya watu wazima waliokwisha kunilipa, haukunisaidia chochote mbele ya watoto. Ninayoyaeleza hapa ni yale ambayo laiti ningeelezwa mapema, nisingepoteza viangazi viwili.

Swali la kwanza ninaloulizwa na vijana ni kama ni lazima kuhamia Dar es Salaam. Vituo vikubwa viko huko, na huko ndiko liliko shirika la Ubongo, lililoanzishwa mwaka 2013 na kuanza kurusha Ubongo Kids mwaka 2014, ambalo limethibitisha kwamba kipindi cha watoto kilichotungwa na kuchorwa hapa nyumbani kinaweza kupendwa hata nje ya mipaka yetu. Siku moja huenda ukalazimika kwenda. Lakini mambo ya kujifunza mwanzoni, yaani kumjua mtoto, kuandika, kujaribu na kuandika upya, hayahitaji studio, na watoto wa kujifunza kwao wako Uyole, Tukuyu, Mafinga na Makambako kama walivyo Sinza. Anayetaka mafunzo rasmi anaweza kusomea sanaa za maonyesho katika Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo au Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Anayetaka kubaki karibu anaweza kuanza na uandishi wa habari katika Chuo Kikuu cha Iringa, ambako atazoea kamera na kutii muda, ingawa kumwandikia mtoto itambidi ajifunze mwenyewe.

Chagua umri, kisha ukakae nao

Usiseme kwamba unawaandikia watoto, kwa sababu neno hilo ni pana mno. Mtoto wa miaka minne hupokea alichokiona kama kilivyo. Ukimwonyesha bibi anayekumbuka utoto wake, kisha ukamwonyesha msichana mdogo akichunga ng'ombe, hataunganisha mambo hayo mawili. Atauliza yule msichana ni nani na bibi amekwenda wapi. Hupenda marudio kiasi cha kukuchosha wewe uliyeyaandika. Mtoto wa miaka tisa hutaka fumbo, utani na mtu mzima anayekosea, na zaidi ya yote hataki kukutwa akitazama kitu cha wadogo zake. Ndiyo maana mhusika mkuu huwekwa mkubwa kwa mwaka mmoja au miwili kuliko mtazamaji anayelengwa, kwani watoto hupenda kuwatazama waliowatangulia kidogo.

Ukishachagua umri, nenda ukakae na watoto wa umri huo kwa wiki mbili bila kamera. Omba ruhusa kwa mwalimu mkuu wa shule yenye darasa la awali, kaa nyuma, na uandike wanayoambiana wao kwa wao, maana wanayomjibu mwalimu unayajua tayari. Nenda pia kwenye kibanda umiza, yaani kibanda cha kuonyeshea filamu, siku ya Jumamosi. Si mahali ninapopapendekeza kwa mtoto, kwa sababu mara nyingi kinachoonyeshwa pale ni cha watu wazima, lakini utawakuta watoto wa miaka saba wakifuata filamu ya lugha wasiyoijua, na ukiwatazama wao badala ya kutazama skrini utagundua kwamba wanacheka kabla mtafsiri hajafungua kinywa. Picha ndiyo iliyowachekesha, na maneno yamekuja kuthibitisha tu.

Sikiliza michezo yao. Watoto wa Iringa hucheza ukuti na kuuimbia mnazi ambao wengi wao hawajawahi kuuona, na mimi sioni ubaya, kwani mtoto huimba sauti kabla ya maana. Ubaya huanza pale mwandishi mzima wa Iringa naye anapotunga kipindi chenye ufukwe, dafu na ngalawa kwa kuwa ameamini kwamba televisheni ni mali ya pwani. Sweta la shule lililofumuka kiwiko, ukungu unaoficha goli la upande wa pili wakati wa mpira, lori la mbao lililoharibika mlimani huku utingo akikata majani ya kuweka barabarani, jiwe la Gangilonga ambalo jina lake kwa Kihehe maana yake ni jiwe linaloongea: hayo yote yako mlangoni, na hakuna mtu aliyekwisha kuyachosha.

Tatizo liwe la mtoto

Kabla ya mstari wa kwanza wa skripti, andika sentensi moja inayosema mtoto ataweza kufanya nini baada ya kutazama, ambacho kabla ya hapo hakukiweza. "Kuhimiza maadili mema" haitoshi, kwa sababu hakuna anayeweza kukuonyesha kama imetimia. "Mtoto ataweza kueleza kwa nini sado mbili (ndoo ndogo za kupimia) zenye ukubwa sawa zinaweza kubeba viazi visivyolingana" inatosha, na itakuwa chekeche lako mpaka mwisho: onyesho lisiloisogeza mbele hukatwa, hata kama ndilo ulilolipenda kuliko yote.

Nitautumia mfano huo huo. Kipindi kilikuwa cha dakika tano, kwa watoto wa miaka saba hadi tisa, na kilimhusu Atupele anayemsaidia bibi yake gengeni siku ya Jumamosi. Rasimu yangu ya kwanza ya onyesho la pili ilisomeka hivi:

*NJE. GENGENI. ASUBUHI.*

*BIBI: Mjukuu wangu Atupele, ni vizuri ufahamu kwamba katika biashara tunatakiwa kuwa waaminifu na kutumia vipimo sahihi, kwa sababu ukimzidishia mteja mmoja na kumpunja mwingine utapoteza wateja.*

*ATUPELE: Ahsante sana bibi kwa kunielimisha. Kuanzia leo nitatumia vipimo sahihi.*

Yeyote aliyewahi kukaa kwenye mahafali ya darasa la saba anaijua sauti hiyo. Bibi ndiye mwenye tatizo, bibi huyo huyo ndiye mwenye jibu, na Atupele amebaki na kazi ya kushukuru. Rasimu ya nne, ambayo ndiyo tuliyoirekodi, ilikuwa hivi:

*NJE. GENGENI. ASUBUHI.*

*Sado mbili zinazofanana. Ya kwanza imejazwa viazi mpaka vimefanya kilima. Ya pili imeishia kwenye ukingo. Gunia la viazi ni tupu.*

*Lusajo anafika na noti mkononi. Anaangalia sado ya kwanza. Anaangalia ya pili. Anafungua mfuko wake mbele ya ile ya kwanza.*

*LUSAJO: Hii.*

*Mama mwenye mtoto mgongoni anafika. Anaangalia sado iliyobaki. Anaangalia mfuko wa Lusajo. Anaondoka.*

*ATUPELE: Mama! Bei ni ile ile!*

*MAMA: Viazi si vile vile.*

*Atupele anaitazama sado. Pembeni, Bibi anaendelea kumenya njegere. Hasemi kitu.*

Angalia kwamba mtoto anayetazama huliona kosa kabla ya Atupele kuliona. Tulipolijaribu onyesho hili, mvulana mmoja alisimama na kuipigia kelele kompyuta akisema, "Punguza huko!" Kelele hiyo ndiyo unayoitafuta. Ukimya wa Bibi ndio ulioitengeneza nafasi yake, kwa hiyo katika kila skripti ninayoisahihisha hutafuta kwanza mahali ambapo mtu mzima amesema jibu, nikapiga mstari. Mtu mzima anaweza kuuliza, anaweza kukosea, anaweza hata kulala usingizi kwenye kiti, ila asimnyang'anye mtoto kazi yake.

Kuhusu lugha, usiufuate mwongozo wowote wa kigeni unaokuambia idadi ya maneno katika sentensi. Kitenzi cha Kiswahili hubeba sentensi nzima tumboni: "tutakapowapelekea" ni neno moja tu kwa hesabu yao, lakini lina silabi tisa na limekwisha kutaja mtendaji, wakati na watendewa. Mimi huhesabu silabi. Kwa walio chini ya miaka sita hujitahidi sentensi isipite silabi kumi na tano, na kitenzi kilichojaa viambishi hukivunja, hivi kwamba "Tutakapowapelekea viazi watafurahi" inakuwa "Tutawapelekea viazi. Watafurahi." Soma kila mstari kwa sauti ukiwa umesimama, ukiishiwa pumzi wewe, mtoto aliishiwa zamani.

Hesabu hiyo ya silabi itakufaa zaidi ukitumia vikaragosi, ambavyo ndivyo ninavyomshauri anayeanza. Katuni ni nzuri, lakini televisheni yetu hutumia picha 25 kwa sekunde, sawa na picha 1,500 kwa dakika moja, na hata ukikubali kila mchoro ushikwe kwa picha mbili bado una michoro 750 kabla hujapika chai ya pili. Kikaragosi hutengenezwa kwa sponji ya godoro na masweta ya mitumba ya Mwanjelwa. Kwa kuwa silabi za Kiswahili karibu zote huishia kwa irabu, kinywa cha kikaragosi kinatakiwa kufunguka kwenye irabu: ki-a-zi, mara tatu. Wanaoanza huuma pale wanapotakiwa kufungua, na kikaragosi huonekana kama anatafuna maneno yake mwenyewe. Fanya zoezi mbele ya kioo kwa dakika kumi kila siku, mkono ukiwa juu ya kichwa, na uvumilie, maana bega litakuuma kwa wiki mbili.

Watoto wengi wa huku huingia darasa la awali wakiwa na Kinyakyusa, Kisafwa, Kihehe, Kibena au Kikinga, na Kiswahili kikiwa cha pili. Kiswahili cha kipindi kiwe sanifu na chepesi, lakini mhusika anayesalimia "kamwene" aachwe asalimie, na lafudhi ya kijijini isiwe kamwe chanzo cha kichekesho. Mtoto wa Makete akisikia sauti kama ya mama yake ikichekwa kwenye televisheni, atajifunza jambo ambalo hukukusudia kumfundisha.

Kumbuka vilevile kwamba mtoto huiga. Niliwahi kuandika onyesho la jioni ya baridi Njombe, familia imeuzunguka mkaa unaowaka ndani ya jiko, mlango umefungwa, bibi anatega vitendawili. Lilikuwa onyesho zuri, na muuguzi mmoja niliyempa asome alinirudishia karatasi akiwa amezungushia duara maneno mawili: "mlango umefungwa". Moshi na hewa ya mkaa katika chumba kisicho na upenyo huua watu usingizini. Tuliwahamishia jikoni kwenye banda la nje, na tangu siku hiyo kila skripti yangu hupita kwa mtu wa afya kabla ya kufika kwa mpigapicha. Visima, dawa za mashambani, barabara kuu na moto vichunguzwe kwa jicho hilo hilo.

Fisi na giza vinaruhusiwa. Ila kwa wadogo, hofu iishe ndani ya onyesho lile lile iliyoanzia, na kamwe isiachwe ikisubiri kipindi cha wiki ijayo.

Kujaribu kabla ya kutumia fedha

Wakati kipindi cha watoto cha Sesame Street kilipokuwa kikiandaliwa nchini Marekani, kabla ya kuanza kurushwa Novemba 1969, mtafiti Edward Palmer aliweka televisheni upande mmoja na upande mwingine akaweka slaidi zilizobadilika kila baada ya sekunde 7.5, kisha akarekodi ni wakati gani hasa macho ya mtoto yalikiacha kipindi na kwenda kwenye slaidi. Sehemu zilizopoteza macho zilirekebishwa. Wewe huhitaji slaidi, kwa sababu darasa la Uyole lina dirisha, lina kuku wanaopita mlangoni, na lina jirani mwenye kalamu mpya.

Mara ya kwanza nilipojaribu njia hii, niliwaketisha watoto kumi na wawili wa darasa la awali mbele ya kompyuta iliyowekwa juu ya dawati, nami nikakaa kando yake nikiwaelekea wao, daftari mapajani. Kila baada ya sekunde kumi niliandika idadi ya waliokuwa wakitazama skrini: 12, 12, 11, 12. Kisha fisi akaanza kueleza mpango wake wa kuiba nyama, hotuba ya sekunde 50 ambayo mimi niliihesabu kuwa kilele cha uandishi wangu, na daftari likasoma 9, 6, 4, 4, 3. Mmoja wa wale watatu alikuwa mtoto wa mwalimu, na ninashuku alikuwa ameonywa nyumbani. Niliporudi niliifuta hotuba yote. Badala yake fisi aliuchora mpango wake mavumbini kwa ncha ya mkia, akageuka kuangalia kama kuna mtu, mkia ukaufuta, akaanza kuuchora upya huku akinung'unika. Sekunde 22. Katika jaribio la pili, na darasa jingine lenye idadi ile ile, hesabu haikushuka chini ya 10.

Usiwaulize kama wamekipenda kipindi, maana watakujibu kwa pamoja "ndiyooo", kama wanavyoitikia kila mgeni aliyeletwa na mwalimu. Mwite mmoja mmoja pembeni, umwambie kwamba kuna mtoto mwingine hakuja leo, amsimulie yeye kilichotokea. Anachokiruka katika masimulizi yake hakikumfikia. Na jaribio la kwanza lifanyike kabla ya kurekodi: chora matukio makubwa kwenye kadi za manila, uzionyeshe moja baada ya nyingine huku ukisoma skripti. Karatasi kumi na tano za manila zimeniokolea fedha nyingi kuliko mkopo wowote niliowahi kupewa.

Kuongoza watoto wenyewe

Siku utakapomwambia mtoto wa huku "tunaanza", atasimama wima, ataweka mikono nyuma, atainua kidevu na kutoa sauti ya ngonjera. Hakukosea, kwani ndivyo alivyofundishwa kusimama mbele ya wageni siku ya wazazi. Kazi yako ya kwanza kama mwongozaji ni kumtoa katika gwaride hilo, na hutaweza kwa kumwambia "ongea kawaida", maneno ambayo huzidisha ugumu. Mpe kazi ya mikono. Mtoto anayemenya ndizi, anayefunga kamba ya kiatu au anayehesabu viazi kweli, bila kuigiza, husema maneno yake kama anavyoyasema nyumbani, kwa kuwa akili yake iko kwenye kazi.

Usimsomee mstari ili aurudie, kwa sababu ataurudia kwa sauti yako. Usimwambie "kuwa na huzuni" pia. Mwambie anachokitaka mhusika: unataka yule mama arudi, na unaogopa bibi atasikia. Mimi huwaomba watoto waniite kaka badala ya mwalimu. Shikamoo zao huzipokea asubuhi, kisha nakaa chini nao dakika ishirini tunacheza mdako kabla kamera haijatolewa kwenye begi, na wapigapicha wenye haraka hunilalamikia kila mara. Anayevumilia dakika hizo ishirini hurudia shoti chache.

Kamera iwe kwenye kimo cha macho ya mtoto. Ukiiweka kwenye kimo chako, kila mtoto ataonekana kama anasubiri kuadhibiwa. Shusha miguu ya kamera, piga goti, na watu wazima waruhusiwe kukatwa vichwa kwenye fremu inapobidi.

Ratiba huamuliwa na mvua na kalenda ya shule. Mvua zetu huanza kama Novemba na kuendelea hadi Aprili au Mei, na mvua juu ya bati humaliza sauti yoyote ya ndani, kwa hiyo likizo ya Desemba haifai. Iliyobaki ni ya Juni, yenye baridi kali na ukungu wa asubuhi. Panga kuanza saa tatu, mpe kila mtoto uji wa moto, na usitegemee zaidi ya saa nne za kazi kwa siku pamoja na mapumziko. Fedha ikiwa kidogo, nunua maikrofoni nzuri kabla ya kamera nzuri, kwani mtoto husamehe picha yenye ukungu lakini sauti asiyoielewa humfanya aondoke.

Rekodi siku zinazofuatana. Katika kipindi kimoja niliacha pengo la majuma mawili, na mhusika wangu mkuu wa miaka sita akarudi akiwa na tabasamu kubwa lisilo na meno mawili ya mbele. Nusu ya kwanza ya onyesho ana meno, nusu ya pili hana. Ilinibidi niandike onyesho jipya la jino kung'oka, na nakiri kwamba watoto walilipenda kuliko mengine yote. Shule zikikaribia kufunguliwa jihadhari pia na vinyozi.

Ruhusa, haki na malipo

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 humtaja mtoto kuwa ni mtu aliye chini ya miaka 18, na hukataza kumpa kazi ya usiku, ambao kwa sheria hiyo ni kuanzia saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi. Ajira, hata ya kazi nyepesi, huanzia miaka 14. Kwa hiyo kabla ya kumshirikisha mtoto mdogo, zungumza na Afisa Ustawi wa Jamii wa halmashauri, pata ridhaa ya maandishi ya mzazi au mlezi, na uhakikishe mzazi huyo yupo eneo la kazi muda wote. Andika katika ridhaa picha zitaonyeshwa wapi, intaneti ikiwemo.

Filamu na michezo ya kuigiza husimamiwa na Bodi ya Filamu Tanzania chini ya Sheria Na. 4 ya mwaka 1976, na mahali pepesi pa kuanzia ni kwa Afisa Utamaduni wa halmashauri yako. Ukitaka kurekodi ndani ya shule ya serikali, barua ipitie kwa mkurugenzi wa halmashauri. Ruhusa ya mdomo ya mwalimu mkuu itakuponza wewe na itamponza yeye. Ukikusudia kurusha vipindi mtandaoni kwa mfululizo, uliza kuhusu leseni katika ofisi ya kanda ya Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA), ambayo iko hapa hapa Mbeya.

Mswada wako unalindwa na Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 1999 kwa uhai wako wote na miaka 50 baada yake, lakini mlinzi halisi ni karatasi. Usajili mswada huo COSOTA, yaani Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, kisha usikubali kazi yoyote ya kuandikiwa oda bila mkataba unaosema wahusika ni wa nani. Taasisi moja ilinilipa kwa vipindi vitatu, na mwaka uliofuata nikamkuta kikaragosi wangu kwenye mabango yake, akiwa na sauti ya mtu mwingine. Sikuwa na karatasi, kwa hiyo sikuwa na la kusema.

Usitegemee YouTube ikulishe. Tangu Januari 2020 kila anayepandisha video hutakiwa kutaja kama imetengenezwa kwa ajili ya watoto, na zilizotajwa hivyo hazipewi matangazo yanayomfuata mtazamaji binafsi wala sehemu ya maoni, jambo ambalo kwa mtoto ni jema na kwa mfuko wako ni pigo. Wengi wetu huishi kwa kuchanganya: vipindi vya elimu ya afya au mazingira vinavyodhaminiwa na mashirika, mafunzo ya sanaa shuleni, na harusi za Septemba, ambazo sijaziacha mpaka leo.

Unapopeleka kazi kituoni, peleka kipindi kimoja kamili cha dakika tano, skripti mbili nyingine zilizokwisha kujaribiwa, na andiko lisilozidi kurasa nne linaloeleza umri, wahusika, mahali na sentensi moja ya kila kipindi. Ambatisha hesabu zako za macho ya watoto. Mhariri mmoja wa vipindi aliniambia kwamba hakuisoma barua yangu hata kidogo, ila zile namba za daftari zilimfanya acheze video. Kituo kikivutiwa, kwa kawaida kitataka vipindi 13, vinavyotosha robo mwaka kwa kurushwa mara moja kwa wiki, na furaha itakufanya utake kusaini siku hiyo hiyo. Omba juma moja kwanza, rudi nyumbani, na uandike sentensi zote kumi na tatu kwenye ukurasa mmoja. Mimi niliishiwa kwenye ya saba, nikarudi kwa watoto wa Uyole kwa siku nne, na zile sita zilizobaki nilizipata kwenye uwanja wao wa michezo.